Johann Nestroy na Daraja za Lugha Katika Michezo Yake

Kila lugha yenye maandishi mengi inao watungaji wanaotukuzwa na wenyeji na wasiojulikana na wageni. Sababu itolewayo kwa kawaida ni kwamba watungaji hao waliandika kwa lahaja ya mahali pao, na kwamba lahaja haivuki mpaka. Johann Nestroy, mtungaji na mcheza wa michezo ya kuchekesha wa mji wa Vienna, huwekwa katika kundi hilo pasipo mabishano mengi. Hukumu hiyo ina ukweli ndani yake, lakini imesimama juu ya fikira isiyo sahihi kuhusu kazi ya lahaja katika mchezo, nayo imewapotosha wahakiki katika mambo mawili. Imewafanya wamsifu kwa michezo yake iliyo dhaifu. Tena imewafanya waamini kwamba visa vyake vikisafiri, yeye mwenyewe naye amesafiri.

Nestroy alizaliwa Vienna tarehe 7 Desemba 1801. Baba yake alikuwa mwanasheria, na mwana naye aliingizwa katika masomo ya sheria, akayaacha mapema kwa ajili ya kuimba. Tarehe 24 Agosti 1822 alitokea mara ya kwanza katika jumba la opera la Vienna, akaimba sehemu ya kuhani Sarastro katika opera ya Mozart iitwayo Die Zauberflöte. Toka hapo alikwenda Amsterdam, kisha Brünn, kisha Graz, na katika safari hizo sauti yake nzito ilizidi kupungukiwa na kazi na uso wake wa kuchekesha ukazidi kupata kazi. Mwaka 1831 alirudi Vienna kwa mkataba wa Karl Carl, msimamizi wa Theater an der Wien, mtu hodari wa biashara aliyejua thamani ya mcheza awezaye pia kutunga. Nestroy alibaki na Carl hata Carl alipofariki mwaka 1854, akashika mwenyewe usimamizi wa Carltheater mpaka 1860. Alifariki Graz tarehe 25 Mei 1862. Hayo ndiyo maisha yake kwa ufupi. Katika miaka hiyo alitunga michezo ipatayo 80 na kucheza mingi kati yake yeye mwenyewe.

Jambo moja katika mwanzo huo halistahili kupitwa upesi. Mtu huyu aliyekuja kuitwa sauti ya vitongoji alianza kazi yake kwa kuimba maneno ya kuhani mwenye hekima, kwa Kijerumani cha juu kabisa, na alikulia katika nyumba ya mwanasheria. Lugha ya fahari hakuisikia toka nje ya dirisha. Aliivaa kabla hajaivua. Wale wanaomsifu kwamba alikuwa mtoto wa watu aliyeandika kama alivyosema wamesahau kwamba hakuna mhusika mkubwa wa Nestroy asemaye namna moja tu toka mwanzo wa mchezo hata mwisho.

Hapa msomaji wa Kiswahili yampasa ajihadhari na mfano ulio karibu naye. Akisikia neno lahaja, humjia Kimvita, Kiamu, Kiunguja, Kimtang'ata, yaani semi za miji na visiwa vilivyosimama kando kwa kando, kila kimoja na watu wake na heshima yake. Na Kiamu na Kimvita ni lugha za washairi wakubwa, si lugha za kuchekwa. Hata baada ya Kiunguja kufanywa msingi wa Kiswahili sanifu, mtu wa Mombasa hakuacha kuuona usemi wake kuwa na heshima. Vienna ya Nestroy ilikuwa na mambo mengine. Humo semi hazikusimama kando kwa kando, bali moja juu ya nyingine kama ghorofa za nyumba moja. Juu kulikuwa na Kijerumani cha jumba la michezo la mfalme, cha vitabu na cha mahubiri. Katikati kulikuwa na Kijerumani cha makarani, cha wenye maduka na cha watumishi wa nyumba kubwa, watu waliojitahidi kusema kwa vitabu wasifike. Chini kulikuwa na usemi wa vitongoji vilivyokuwa nje ya ukuta wa mji, na huko ndiko yalikosimama majumba aliyoyafanyia kazi Nestroy. Mtu mmoja aliweza kupanda na kushuka ghorofa hizo zote kwa siku moja, kwa kadiri ya aliyesimama mbele yake. Kupanda huko na kushuka ndiko Nestroy alikokufanya kuwa sanaa.

Mchezo uliomjengea jina ulionyeshwa tarehe 11 Aprili 1833, nao ni Lumpazivagabundus. Umbo lake la nje ni la zamani. Tangu mwanzo wa karne ya 18 Vienna ilikuwa na michezo ya mzaha, na baadaye ilikuja michezo ya majini na vizimwi, ambayo Ferdinand Raimund aliifikisha katika utukufu wake. Nestroy naye anaanza juu kwa ugomvi wa majini: je, bahati ya mali yaweza kuwatengeneza watu waliopotoka? Mafundi watatu wenye kutangatanga, seremala, mshoni na mshona viatu, wanashinda bahati nasibu. Seremala anaoa na kutulia; mshoni anaitapanya mali kwa fahari; mshona viatu anainywa. Huyu wa mwisho, Knieriem, alichezwa na Nestroy mwenyewe, na mshoni alichezwa na Wenzel Scholz, mtu mfupi mnene ambaye kwa miaka mingi alisimama kando ya Nestroy mrefu mwembamba, hata watu wakacheka kabla hawajafumbua kinywa.

Knieriem hanywi kama walevi wa michezo mingine. Anayo elimu. Amejifunza habari za nyota, naye anajua hakika kwamba nyota ya mkia itakuja kuiangamiza dunia. Kwa hiyo hakuna faida ya kuacha pombe. Katika miaka hiyo habari za nyota za mkia zilikuwa katika vinywa vya watu, maana nyota ya Halley ilikuwa ikingojewa, nayo ilionekana mwaka 1835. Kichekesho hakikai katika ulevi wala katika lahaja. Kimekaa pale ambapo mshona viatu anapoyatia maneno ya wataalamu wa falaki katika usemi wa kilabuni, na hoja yake, kwa umbo lake, ikawa haina kosa. Mwishoni majini wanawaonyesha wote watatu wametengenea, wamekaa na wake zao na watoto. Mwisho huo ulihitajiwa na desturi, nao hauaminiki. Na hapana shaka kwamba mtungaji hakukusudia uaminike sana. Ulimwengu wa majini haukuwa na kazi tena, na baada ya miaka michache Nestroy aliuacha.

Kuna sababu nyingine ya watu hawa kusema kwa tabaka, nayo ni serikali. Hata Machi 1848 Austria ilikuwa chini ya Metternich, na hakuna mchezo uliopanda jukwaani kabla maandishi yake hayajapelekwa kwa wakaguzi wa polisi. Neno lililogusa dini, dola, au adabu lilifutwa. Kusema jukwaani neno lisilokuwamo katika maandishi yaliyokaguliwa kulikuwa kosa la kuadhibiwa, nalo lilikuwa kosa ambalo Nestroy hakuweza kuliacha. Mwaka 1826 mkataba wake wa Brünn ulikatika kwa sababu ya ugomvi wa namna hiyo na polisi. Na mwaka 1836 Vienna ilimfunga siku tano kwa kumtukana mhakiki mmoja jukwaani kwa maneno ya papo kwa papo. Miswada yake iliyobaki yaonyesha jinsi alivyojifunza. Alijikagua mwenyewe kwanza, akatia alama mahali pa hatari na kuweka tayari neno jingine lisilo na lawama. Mara nyingine neno la pili lina sumu kuliko la kwanza, kwa kuwa mkaguzi alisoma maneno, hakusoma mahali pa kupumua. Uso na mkono wa mcheza havikuweza kutiwa katika bahasha na kupelekwa polisi.

Katika hali kama hiyo lugha ya fahari ilikuwa ngao. Mtumishi akisema wazi kwamba bwana wake ni mnyang'anyi, maneno yake yatafutwa. Akilisema jambo hilo hilo kwa sentensi ndefu ya kisheria, yenye heshima zote, kisha akashuka ghafula kwa neno moja la kitongojini, mkaguzi haoni pa kutia wino. Si haki kusema kwamba ukaguzi ulimfanya Nestroy kuwa mtungaji mkubwa, kama wasemavyo wengine kwa wepesi. Uliharibu mengi, na wengine wengi waliokaguliwa walibaki wadogo. Lakini ulimfundisha kuitilia mashaka kila sentensi iliyovaa vizuri.

Mchezo ulio bora kwa jambo hili ni Der Talisman, wa tarehe 16 Desemba 1840. Kisa kilitoka Paris. Nestroy hakujisumbua kubuni visa ikiwa Wafaransa walikuwa tayari wamevibuni. Titus Feuerfuchs ni kinyozi asiye na kazi, mwenye nywele nyekundu, na kwa ajili ya nywele hizo kila mlango umefungwa. Anamsaidia msusi mmoja katika ajali ya gari, naye anapewa nywele za bandia, nyeusi. Mara milango inafunguka. Mjane mtunza bustani wa jumba kubwa anampa kazi na nguo za mumewe aliyefariki. Mtumishi wa chumbani, mjane naye, anampandisha na kumvika nguo za mwindaji wa mumewe aliyefariki. Mwishowe mwenye jumba, Frau von Cypressenburg, mwanamke mwandishi, anamfanya katibu wake. Kabla ya kuonana na bibi huyo nywele nyeusi zimekwisha kuchukuliwa, na gizani Titus amejitwalia nyingine, za rangi ya dhahabu. Anapopanda hivi, usemi wake unapanda pia. Kwa mtunza bustani anasema kwa mifano ya mimea. Kwa mtumishi wa chumbani anasema kwa ulaini wa watumishi wa wakubwa. Na kwa bibi mwandishi anaona wazi kwamba maneno ya kawaida hayatafaa, basi anafungua ghala la maua yote ya vitabu. Nywele ni za bandia, na lugha nayo ni ya bandia, na hakuna katika jumba lile anayeweza kuzitenganisha. Mtu mmoja tu anasema naye kwa usemi ule ule tangu mwanzo hata mwisho, Salome, mchunga mabata bukini, ambaye nywele zake ni nyekundu kama zake. Mwisho wa mchezo Titus anamchagua huyo, ingawa mjomba wake tajiri, muuza pombe, amekwisha kuja na mali.

Mfasiri wa Kiswahili akiutwaa mchezo huu akampa Titus lahaja tatu za pwani, atakuwa ameuharibu, maana watu watamsikia kijana aliyekaa Lamu, kisha Mombasa, kisha Unguja. Lakini Kiswahili kinazo ghorofa zake. Yuko asemaye kwamba ampenda mtu. Yuko asemaye kwamba anayo heshima ya kumjulisha mhusika kwamba ombi lake la kupendwa limefikiriwa. Na yuko asemaye kwamba fuadi yake imegharikishwa na bahari ya mahaba isiyo na ufuo. Usemi wa nyumbani, usemi wa ofisini, na usemi uliojazwa Kiarabu kwa fahari ya mwenye kusema, zote hizo zapatikana katika mji mmoja na katika kinywa kimoja. Kwa hiyo ile hoja kwamba Nestroy hafasiriki kwa sababu ya lahaja haina nguvu kama ilivyodhaniwa. Kinachotakiwa ni lugha yenye watu wanaojipandisha kwa maneno, na ni lugha gani isiyo na watu hao?

Wahakiki wa zama zake walitaka kitu kingine. Katika miaka baada ya 1840 magazeti ya Vienna yalidai mchezo wa watu wenye mafunzo mema, uonyeshao fundi mwaminifu na moyo wake safi, na yalimlaumu Nestroy kwa ubaridi na kutoamini chochote. Mwaka 1846 aliwapa Der Unbedeutende, habari ya seremala mnyonge anayetetea sifa ya dada yake mbele ya wakubwa, nao wakafurahi sana. Mchezo huo una heshima yake, na kuna mahali ambapo hasira yake ni ya kweli. Lakini seremala huyu asema vile alivyo, na ni vile asemavyo. Basi Nestroy hana la kufanya na lugha yake, akabaki kumstahi. Ni ajabu kwamba hata leo vitabu vingine vya historia ya michezo huuweka mchezo huu juu kwa sababu ni wa watu zaidi, kana kwamba watu ni wale tu wasio na hila katika maneno.

Machi 1848 Metternich aliondoka, na ukaguzi ukaondoka pamoja naye kwa muda. Tarehe 1 Julai mwaka huo Nestroy alionyesha Freiheit in Krähwinkel, mchezo wa mapinduzi katika mji mdogo wa kubuniwa, ambao jina lake kwa Wajerumani ni kama methali ya ushamba. Baadhi ya maneno makali ya mchezo huu ni wazi mno kuliko desturi yake, na si mazuri kwa sababu hiyo hiyo. Pale anapowageukia wapinduzi wenyewe, na ule upesi wao wa kuifanya hata neno uhuru kuwa nguo ya sikukuu, ndipo alipo katika kazi yake. Mwezi wa Oktoba majeshi ya mfalme yaliuzunguka mji, na mchezo ukanyamaza.

Habari za kusafiri kwa visa vyake zinajulikana zaidi. Einen Jux will er sich machen, yaani Ataka Kujifanyia Mzaha, ulionyeshwa tarehe 10 Machi 1842, na kisa chake kimetoka katika mchezo mfupi wa Mwingereza John Oxenford wa mwaka 1835. Muuza duka na mwanafunzi wake wanatoroka kwenda mjini siku moja, wakati bwana wao hayupo, ili wapate jambo la kukumbuka uzeeni. Mwaka 1938 Mmarekani Thornton Wilder alikichukua kisa hicho kwa mchezo wa The Merchant of Yonkers, ambao haukufaulu. Akautengeneza upya kwa jina la The Matchmaker mwaka 1954, nao ukafaulu. Na mwaka 1964 ukafanywa mchezo wa nyimbo, Hello, Dolly!, uliozunguka dunia. Huko Uingereza Tom Stoppard aliandika wake, On the Razzle, mwaka 1981. Hutajwa mara nyingi kama ushindi wa Nestroy. Lakini Dolly, ambaye jina lake limebeba mchezo ule, hayumo kabisa katika Nestroy. Wilder alimtia yeye mwenyewe. Na kisa kilikuwa cha Oxenford. Kilichokuwa cha Nestroy ni muuza duka Weinberl anapotafakari biashara kwa lugha ya falsafa, na mtumishi Melchior anayelipenda neno moja la wasomi, klassisch, akilibandika juu ya kila kitu kilichopita mbele yake. Katika waliokiandika upya kisa hicho, Stoppard ndiye aliyeelewa kwamba mali ya mchezo ni maneno, akaweka michezo yake mwenyewe ya maneno badala ya kuifuata ile ya Kijerumani. Bidhaa zilizosafiri mbali zaidi ndizo ambazo Nestroy aliazima.

Huko kwao alirudishiwa haki yake polepole. Mwaka 1912, miaka 50 baada ya kifo chake, Karl Kraus aliandika insha kubwa juu yake, akidai kwamba ndani ya Nestroy lugha yenyewe ndiyo inayofanya kazi ya kufikiri, na kwamba waliomwona mchekeshaji wa mtaa hawakumsikia. Kraus alikuwa na tabia ya kumfanya kila aliyempenda kuwa silaha dhidi ya aliowachukia, na insha ile haikosi jambo hilo. Lakini iliugeuza uhakiki wote wa baadaye. Toleo la kitaalamu la kazi zake zote lililoanza kutolewa mwaka 1977 limeweka maneno yaliyofutwa kando ya maneno yaliyobaki, na sasa kila mtu aweza kuona jinsi kalamu ilivyokwenda.

Mchezo wake wa mwisho una jambo linalomhusu msomaji wa Afrika kwa namna ya pekee. Häuptling Abendwind, yaani Chifu Upepo wa Jioni, ulionyeshwa tarehe 1 Februari 1862, miezi minne kasoro kabla ya kufa kwake, na kisa na muziki vimetoka katika opereta ya Offenbach wa Paris. Machifu wawili wa visiwa vya mbali, walao watu, wanakutana kwa karamu ya mambo ya dola. Kila mmoja amekwisha kumla mke wa mwenziwe, na wote wawili wanajitahidi jambo hilo lisitajwe. Kijana msusi aliyetoka Ulaya anaamriwa apikwe kwa ajili ya mgeni, kisha mgeni anadhani amemla mwanawe mwenyewe, na mwisho kijana anatokea mzima. Picha ya watu wa visiwa wanaokula watu ni picha ya Wazungu, imefanya madhara mengi, na msomaji akikunja uso ana haki. Katika mkono wa mwigaji yeyote wa Offenbach ingebaki hivyo.

Lakini sikiliza jinsi machifu wanavyosema. Hawasemi lugha iliyovunjika, ambayo michezo ya Ulaya ilizoea kuwapa watu weusi na watu wa visiwani. Wanasema Kijerumani cha Vienna, na wanapolifikia jambo kubwa wanapanda ghorofa, wakazungumza juu ya utaifa, ustaarabu na mapatano ya mataifa kwa maneno yale yale yaliyochapwa asubuhi ile katika magazeti ya mji, huku sahani ziko mezani. Abendwind, aliyechezwa na Nestroy, ni mwenyeji mwenye adabu anayelalamika juu ya wageni kama mwenye nyumba yeyote wa kitongojini. Ukiiondoa lahaja, unabaki na hadithi ya washenzi. Ukiiacha, wanaokula watu ni watu walioketi chini wakitazama. Mwaka 1987 Elfriede Jelinek, aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 2004, aliuandika upya mchezo huu kwa jina la Präsident Abendwind, ili kumkejeli Kurt Waldheim, aliyechaguliwa kuwa Rais wa Austria mwaka 1986 na ambaye habari zake za miaka ya vita zilikuwa zikiulizwa. Chifu akawa Rais, na kuhusu waliokwisha kuliwa akaendelea kusema kwa adabu.